Mlango Katika Ukuta wa Wakati

Waswahili husema wakati ni ukuta, ukipigana nao utaumia mwenyewe. Msemo huu niliuandika ubaoni mara nyingi nilipokuwa mwalimu wa shule ya msingi, na karibu kila mwaka alitokea mtoto mmoja mtundu akauliza swali lile lile: Je, mwalimu, ukuta huo hauna mlango? Nilimjibu kwa haraka kwamba hauna, darasa likacheka, nikaendelea na somo. Makala haya ni jaribio la kulijibu swali hilo upya, baada ya mjukuu wangu kunionyesha mlango wenyewe kwenye kioo cha televisheni, wakati wa likizo ya Krismasi mwaka 2018.

Nikiri mapema kwamba michezo ya video sikuwahi kuihesabu miongoni mwa kazi za sanaa. Niliiona kama njia ya kumaliza umeme na macho. Kilichonivuta hadi mkekani alipokaa mjukuu wangu ni sauti. Kwa miaka mingi nilifundisha kwaya ya kanisa letu huko Muheza, na sikio la mwalimu wa kwaya halistaafu. Nilikuwa nasoma gazeti. Nikasikia filimbi ikipiga sauti tatu, kisha ikazirudia zile zile, na kabla sijajua ninachokifanya nikawa nimekwisha kuzipanga kichwani kwa sol-fa. Nikauliza, “Huyo anapiga nini?” Mjukuu akajibu bila kugeuka, “Anarudisha siku, babu.”

Kwa msomaji asiyeijua michezo hii, nieleze kwa ufupi. Kazi ninazozizungumzia ni mbili, zote za kampuni ya Nintendo ya Japani: The Legend of Zelda: Ocarina of Time ya mwaka 1998, na Majora's Mask ya mwaka 2000. Shigeru Miyamoto alikuwa mtayarishaji wa zote mbili. Ile ya pili iliongozwa na Eiji Aonuma na Yoshiaki Koizumi. Na muziki kwa sehemu kubwa ni wa Koji Kondo. Shujaa ni kijana aitwaye Link. Ana upanga kama mashujaa wote wa hadithi, lakini mambo makubwa hayafanyi kwa upanga. Huyafanya kwa okarina.

Okarina ni ala ya kweli. Ni filimbi ya tumbo, hufinyangwa kwa udongo na kuchomwa kama chungu. Ala za jamii hiyo ni za kale sana huko China na Amerika ya Kati, lakini hii yenye jina hili ilitengenezwa na Giuseppe Donati katika mji wa Budrio, Italia, mwaka 1853, na jina lenyewe kwa lahaja ya huko lina maana ya bata bukini mdogo. Ndiyo kusema, chombo walichokichagua Wajapani kwa kazi ya kuutawala wakati si tarumbeta ya malaika wala kinanda cha kanisa kuu. Ni kidude cha udongo chenye jina la ndege wa kufugwa. Uchaguzi huo ulinipendeza. Mambo mazito katika hadithi zetu pia hufanywa na vitu vidogo: kibuyu, hirizi, unyoya.

Mchezaji ana vitufe vitano, na kila kitufe kina sauti yake. Akizipanga sauti hizo inavyotakiwa, jambo hutokea. Upo Wimbo wa Jua unaogeuza usiku kuwa mchana. Upo Wimbo wa Dhoruba unaoleta mvua. Na upo Wimbo wa Wakati, ambao katika kazi ya kwanza hufungua mlango wa mawe ndani ya hekalu. Nyuma ya mlango huo kuna upanga, na kijana akiung'oa upanga hujikuta amekua, miaka saba imepita, na nchi imeharibika. Mlango wenyewe unaitwa Mlango wa Wakati. Nilipoelezwa hivyo nilimkumbuka yule mtoto mtundu wa darasani, nikacheka peke yangu.

Lililonishangaza zaidi ni kwamba mambo haya hayaelezwi kama uchawi mtupu. Katika ulimwengu ule ni elimu, ina wataalamu wake. Kwenye makaburi ya kijiji kimoja kuna mizimu ya watunzi wawili wa muziki, ndugu wa tumbo moja, Sharp na Flat. Majina yao ni ya muziki: mmoja ni alama ya kuipandisha sauti kwa nusu hatua, mwingine ni alama ya kuishusha. Walipokuwa hai walichunguza nguvu za siri za ukoo wa kifalme, na walikataa kumpa mtawala mwovu Ganondorf yale waliyoyagundua. Ni wasomi, basi, waliokufa na utafiti wao. Mhakiki yeyote aliyewahi kumwona msomi akinyamazishwa ataitambua dhamira hiyo mara moja, hata kama imevikwa nguo za mizimu.

Je, elimu hiyo ina msingi wowote? Msomaji asinicheke. Sisi waalimu wa kwaya tunajua kwamba muziki ni sanaa iliyotengenezwa kwa wakati, kama chungu kilivyotengenezwa kwa udongo. Neno tempo tulilolirithi kwa Waitaliano maana yake ni wakati wenyewe. Mwaka 1815 Johann Maelzel alisajili hati ya kulinda metronomu yake, na miaka miwili baadaye Beethoven alikuwa akichapisha kwa vipimo vya mashine hiyo mwendo alioutaka katika simfoni zake. Tangu hapo wanamuziki wamegawanyika: wapo wanaoitii mashine, na wapo wanaosema wakati wa wimbo hukaa kifuani mwa mwimbaji. Anayebisha aende msibani. Wimbo wa beti nne ukiimbwa wakati jeneza linashushwa ni mrefu kuliko ibada nzima ya Jumapili. Na ngoma ya harusi ikikolea, alfajiri hufika watu wakidhani ni saa nne usiku. Wakati haujabadilika kwenye saa ya ukutani. Umebadilika kwa wale waliomo ndani ya wimbo.

Hapo ndipo kazi hizi mbili zilipoanza kunipa kazi ya kufikiri. Sisi tuliofundishwa uhakiki kwa kuitenga fani na maudhui, kisha kuziandikia insha mbalimbali, tunapata tabu hapa, maana wimbo ndani ya mchezo huu ni fani na maudhui kwa mpigo mmoja. Mchezaji hauhadithiwi tu kwamba shujaa alipiga filimbi. Anaipiga yeye, kwa vidole vyake, akikosea anarudia. Mjukuu wangu hajui kusoma hata mstari mmoja wa muziki, lakini nyimbo zaidi ya kumi anazo vidoleni. Katika ualimu wangu wote sikupata mwanafunzi aliyekariri kwa furaha namna ile.

Lakini kuna mahali ambapo msuko wa kazi ya kwanza unajifunga fundo. Kijana akiwa mtu mzima hukutana na mpiga kinanda ndani ya kinu cha upepo. Mzee huyo ana hasira: miaka saba iliyopita, asema, alikuja mtoto mwenye okarina akapiga wimbo uliokiharibu kinu. Kwa hasira hiyo humfundisha kijana wimbo wenyewe, ambao ndio Wimbo wa Dhoruba. Kisha kijana hurudi utotoni, huingia kinuni, huupiga wimbo ule, kinu kikazunguka kwa kasi na kisima cha kijiji kikakauka. Sasa tuulize: nani aliyeutunga? Mzee aliupata kwa mtoto, mtoto aliupata kwa mzee. Wimbo hauna mtunzi.

Mwanzoni niliandika katika daftari langu kwamba hii ni kasoro ya msuko. Usiku nilipolala nikaifuta. Nyimbo ngapi nilizifundisha mimi ambazo sikumjua mtunzi wake? Nyimbo za kutwanga, za kubembelezea watoto, za unyago: kila unayemuuliza atakuambia aliukuta, naye aliyemfundisha aliukuta. Walichokifanya Wajapani hawa ni kulichukua jambo tunaloliita mapokeo wakalikunja mpaka ncha zikakutana. Kwa akili ni muhali. Kwa mtu aliyelelewa na bibi, ni jambo la kila siku.

Kazi ya pili, Majora's Mask, ni ndogo kuliko ya kwanza kwa ukubwa wa nchi, lakini mimi naiona ni nzito zaidi. Ilitengenezwa kwa muda mfupi, na sura nyingi za watu zilichukuliwa kutoka kazi ya kwanza zikapewa maisha mengine. Mwezi wenye uso wa mtu mwenye hasira unaishukia nchi. Zimebaki siku tatu. Siku tatu hizo ndani ya mchezo hupita kwa muda usiotimia saa moja ya kwetu, na mwezi ukianguka kila kitu kimekwisha. Kinga pekee ni Wimbo wa Wakati: ukiupiga, unarudi asubuhi ya siku ya kwanza. Wimbo huo huo ukipigwa kwa kuanzia mwisho, wakati hupunguza mwendo. Kila sauti ikipigwa mara mbili mbili, wakati huruka mbele.

Nilimwambia mjukuu wangu kwamba hata mimi nilikuwa na mtambo wa kupunguza mwendo wa wakati: radio-kaseti yenye betri zilizokaribia kufa. Hakunielewa. Ilibidi nimweleze kaseti ni nini.

Katika mji wa nchi hiyo kuna wachumba wawili, Anju na Kafei, waliokuwa waoane siku ya sikukuu. Kafei amerogwa akawa mtoto, naye anajificha kwa aibu, akiisaka zawadi ya ndoa aliyoibiwa. Anju anamngoja katika nyumba ya wageni wakati watu wa mji wanakimbia. Mchezaji akifanya kila kitu sawasawa, kwa saa zilizopangwa kama ratiba ya treni, Kafei hufika alfajiri ya mwisho, ikiwa imebaki saa moja na kitu kabla ya mwezi kuanguka. Wanakutana. Wanaamua kuingojea asubuhi pamoja, na kumsihi Link aondoke ajiokoe. Na Link afanye nini? Apige wimbo. Akiupiga, wachumba wale wanarudishwa siku ya kwanza, Anju hajui kitu, Kafei yuko mafichoni. Tendo lile la upendo linabaki kwa mtu mmoja tu, aliyeshika filimbi.

Si hayo tu. Usiku wa kwanza kuna bibi kizee anayeporwa mzigo wake. Ukimwokoa bibi, mwizi hafiki anakotakiwa kufika, na wachumba hawatakutana tena katika siku tatu hizo. Kumsaidia mmoja ni kumwacha mwingine. Watengenezaji wa mchezo hawakuliweka jambo hilo katika hotuba. Waliliweka katika ratiba, ukaligundua mwenyewe ukiwa umekwisha kuchelewa.

Sasa niseme kwa nini jambo hili lilinikamata hata nikakaa mkekani na magoti haya.

Kaka yangu alinizidi miaka minne, naye aliimba besi katika kwaya niliyoifundisha. Alikuwa na sauti nzuri na mwendo mzito. Kila Jumamosi ya mazoezi nilimgombeza mbele ya watu: “Kaka, unatuchelewesha!” Yeye alitabasamu, akaendelea kuchelewa. Nilipostaafu nilihamia Morogoro, yeye akabaki Muheza. Mwaka 2009, siku ya Ijumaa, alinipigia simu akasema, “Mdogo wangu, ukipata nafasi njoo tuonane.” Hakusema anaumwa. Jumamosi nilikuwa na mazoezi ya kwaya ya harusi, na harusi yenyewe ilikuwa Jumapili. Vijana wale walinitegemea. Nikamwambia, “Shikamoo kaka, nitakuja Jumatatu.” Jumatatu mchana nilipofika, turubai lilikuwa limekwisha kufungwa uani na kina mama wanachambua mchele.

Hesabu yake ni siku tatu.

Basi msomaji ataelewa kwamba sikumtazama mjukuu wangu akiupiga wimbo ule kama mtu anavyotazama mchezo. Niliutaka. Kwa muda wa jioni nzima, mimi mzee wa kanisa, nilimwonea wivu kijana wa katuni. Wahenga walisema majuto ni mjukuu, na wangu alikuwa hapo mbele yangu, amekunja miguu, anarudisha Ijumaa kila anapotaka.

Lakini uhakiki ni kazi ya kuuliza hata pale moyo umekwisha kukubali. Nikajiuliza: ningerudi, harusi ile ingeimbiwa na nani? Vijana wale wana watoto sasa, na picha ya siku ile iko ukutani kwao, mimi nimo, nimeinua mkono. Ningekwenda Ijumaa, pangekuwa na jambo jingine Morogoro la kulijutia, dogo zaidi bila shaka, lakini jambo. Mchezo uliniambia ukweli ambao wafariji wangu hawakuniambia. Wao walisema, “Usijilaumu, hukujua.” Mchezo ulisema: hata ungejua, siku tatu hazitoshi kuwa kila mahali.

Hata hivyo, sitaisifu kazi hii bila kuihoji. Udhaifu wake wa kwanza ni benki. Mchezaji akirudi siku ya kwanza, fedha alizobeba mfukoni hupotea, lakini alizoweka benki zinamngoja, eti kwa sababu mwenye benki alimpiga muhuri. Dunia nzima imesahau, wachumba wamesahau, mama na mwana wamesahau, benki inakumbuka! Mtu anaweza kuiita kejeli ya makusudi. Mimi naona ni urahisi tu: mchezaji angechoka kutafuta fedha upya. Lakini kazi ya sanaa ikiweka sheria ngumu, kisha ikailegeza kwa ajili ya fedha, mhakiki ana haki ya kukohoa.

Udhaifu wa pili ni mzito zaidi. Wimbo wa Wakati ni wimbo wa mtu mmoja. Anayeupiga ni mmoja, anayekumbuka ni mmoja, na wengine wote huchukuliwa na mto bila kuulizwa. Sikuwahi kuujua muziki wa namna hiyo. Muziki ninaoujua mimi huutawala wakati kwa sababu watu wengi wamekubali kupumua pamoja. Mwalimu huinua mkono, watu 40 huvuta pumzi moja. Nguvu iko pale. Filimbi inayougeuza ulimwengu huku ulimwengu haujui, hiyo ni mamlaka zaidi kuliko muziki, na ndiyo maana Ganondorf aliitamani.

Kwa bahati nzuri, ndani ya kazi hiyo hiyo umo wimbo mwingine unaolijibu kosa hilo. Ni Wimbo wa Uponyaji. Haugusi wakati hata kidogo. Link huwapigia walio na uchungu usiotulia. Mmoja wao ni Mikau, mpiga gita wa bendi ya watu wa majini, anayekutwa pwani akikata roho. Ukirudi siku ya kwanza mara mia, Mikau haponi. Siku tatu haziwezi kumfikia. Kinachowezekana ni kumpigia wimbo. Uchungu wake unatulia, na panabaki kinyago cha sura yake, ambacho Link hukivaa, akaogelea kwa mwili wa Mikau na kupiga gita lake katika bendi yake. Na hapa ndipo penye hekima kubwa ya kazi nzima: wakati unaporudishwa nyuma, vinyago havipotei. Alichokipata kwa kumpigia mtu wimbo wa kumpumzisha, anabaki nacho.

Kwa hiyo hukumu yangu ni hii. Kazi ya kwanza ni ngano nzuri juu ya mtoto aliyekua kabla ya siku zake. Kazi ya pili ni kubwa zaidi, kwa sababu inampa mtu uwezo anaouota kila aliyefiwa, kisha inamwonyesha kwa utulivu kwamba uwezo huo si dawa.

Siku ile kabla ya kulala nilitoa sandukuni kaseti moja. Tuliirekodi kanisani mwaka 1983, kwa mashine ya kuazima. Mjukuu wangu alinisaidia kuikaza kwa kalamu, jambo lililomfurahisha kuliko nilivyotarajia. Tukaweka betri mpya. Kwaya ikaanza kuimba, na chini ya nyimbo zote ukasikika mkono ukipiga meza, kwa nguvu, kuharakisha. Mkono huo ni wangu. Na sauti moja ya besi, nzuri, ikawa inafika kila mwisho wa mstari nyuma ya wenzake.

“Nani huyo anayechelewa, babu?”

Nikamwambia ni babu yake mkubwa. Akasikiliza mpaka mwisho. Kisha, bila kuniuliza, akairudisha kaseti nyuma, tukaisikiliza tena, na safari hii nilimsikiliza yule wa besi peke yake. Mkono ule wa mezani sikuutaka tena.

Yule mtoto mtundu wa darasani sasa ni mtu mzima, huenda ana wajukuu. Nikikutana naye nitamwambia kwamba nimelitafuta jibu lake hadi Japani, na mlango haupo. Kwa hiyo, mwanangu, ukiitwa Ijumaa, nenda Ijumaa.